Mtibeti Aliyeuliza Makaburi

Nilifika Stockholm kwa njia ndefu kuliko ile iliyoandikwa kwenye tiketi. Basi la kutoka Tukuyu lilikatika ekseli kwenye mlima wa Kitonga, tukalala kando ya barabara tukila mahindi ya kuchoma ya watu ambao nadhani waliishi kwa ajali za wenzao. Dar es Salaam nilikuta ndege imekwisha kuondoka. Cairo tulizuiwa na vumbi, nikalala kwenye viti vya uwanja nikiwa nimekumbatia begi kama mke. Copenhagen hakuna aliyejua mzigo wangu uko wapi, kwa hiyo nilivuka lile daraja refu la baharini kwa treni nikiwa na begi la mkononi tu, na kutoka Malmö nikapanda basi lililopita kwenye misitu ambayo haikuwa na mwisho wala mtu. Ilikuwa Januari, mwaka ule wa Olimpiki ya Beijing. Nilikuwa nimekwisha kuzunguka vya kutosha kwa kijana wa kidato cha nne: nimebeba mizigo Tunduma, nimeuza vitenge Lusaka, nimeishi Lubumbashi hadi Kiswahili changu kikaanza kuyumba. Niliamini hakuna mji utakaonishangaza. Nilishuka nimevaa koti la mtumba la Mbeya, na msichana wa kwanza kuniona Alby, mtaa wa wahamiaji pembeni mwa jiji, aliangua kicheko, kwa sababu lilikuwa koti la kike na mimi sikuwa nimelijua hilo katika nchi zote nilizopita.

Nimeamua kuuandika mwaka ule kwa sababu ya hasira. Mwezi uliopita, hapa Sumbawanga ninakouza vipuri vya baiskeli kwa sasa, nililetewa kwenye simu tangazo la msiba kutoka kanisa la Waswahili tulilosali kule Alby. Mzee Norbu amefariki. Chini ya picha yake wameandika kwamba alikuwa “Mtibeti wa kwanza kumpokea Kristo kupitia huduma yetu”, na kwamba alibatizwa ziwani kwa mikono ya Mchungaji Bahati. Watu zaidi ya mia wameandika Amina. Nililisoma tangazo lile nikiwa nimesimama dukani, nikamsahau mteja aliyekuwa akinisubiri na mnyororo mkononi. Mtu ameishi miaka sabini na ushee, amezikwa, na bado hawataki kumwacha awe yule aliyekuwa. Nilikuwepo ziwani. Najua maji yalimfika wapi.

Nilipanga chumba kwa Maman Furaha, mama wa Uvira aliyekuwa akiongoza kwaya ya akina mama, katika ghorofa mojawapo ya zile zinazofanana pale Alby. Mchana nilisoma useremala katika shule ya watu wazima ya mji jirani wa Södertälje, jioni nilisafisha ofisi za kompyuta Kista. Chumba cha pili alipanga Mzee Norbu. Alikuwa amemfuata binti yake muuguzi. Binti akaolewa, akahamia Norway na mumewe, mzee akabaki kwa sababu alikuwa na kazi, na kazi yenyewe ilikuwa ile ile yangu, ndoo na mifagio ya Kista. Alikuwa mfupi, mwenye mashavu mekundu kama aliyechomwa na jua la baridi, na alitembea mikono ikiwa nyuma. Tulizungumza Kiingereza chetu cha kubabaisha, chake cha India na changu cha Tunduma. Maman Furaha alimwita Papa Norbu na hakuwahi kumwacha alale njaa, lakini alimwogopa.

Jikoni ndiko hofu ilikoanzia. Kila asubuhi mzee alikaanga unga wa shayiri kwenye kikaango hadi nyumba nzima ikanukia bisi. Kisha alichemsha chai, akatia siagi na chumvi, akamimina juu ya unga na kuufinyanga kwa vidole hadi ukawa tonge. Mimi, mtu wa ugali, nilielewa mara moja. Maman Furaha hakuelewa.

“Chumvi ndani ya chai? Non, Papa, hiyo ni supu.”

Mzee alimkatia tonge. Alilila kwa heshima, akaenda kusukutua bafuni.

Jumamosi akina mama wa kwaya walijaa sebuleni, sombe, kile kisamvu chao, ikichemka, fufu ikipondwa, televisheni ikiwaka. Mwezi wa tatu ule kila chaneli ilionyesha Lhasa, mji mkuu wa Tibet: moshi, watawa wakikimbia, magari ya askari. Walitazama wakimwonea huruma Papa Norbu, lakini huruma yenyewe ilikuwa na wasiwasi ndani yake.

“Sasa huyu wako,” mmoja alinong’ona, kwa ile sauti ya kunong’ona inayosikika hadi ukumbini, “anaabudu ile sanamu ya tumbo kubwa?”

“Sijaiona,” alijibu Maman Furaha. “Nimetafuta hata chini ya kitanda.”

“Ataificha. Hao hawana Mungu, wana pumzi tu. Wanakaa wanapumua.”

Binti wa Maman Furaha, Grâce, yule yule aliyecheka koti langu, aliwajibu kwa Kiswidi bila kuinua macho kwenye simu, na mama yake akamwambia aongee kama mtoto aliyezaliwa na mtu.

Jumamosi Kuu mzee alitoka chumbani, akasimama mlangoni mwa jikoni na kuuliza jambo kwa Kiswidi chake kidogo. Nilikuwa naoga, nilisikia mwiko ukianguka. Nilipotoka na taulo shingoni nilimkuta Maman Furaha amejibanza kwenye jokofu, akina mama wawili wamesimama wamemkazia macho mzee, na Grâce akitafsiri kwa uchovu.

“Anauliza makaburi yako wapi. Anataka kwenda kesho, kabla jua halijatoka.”

“Yesu wangu!” Maman Furaha alishika kichwa. “Makaburi! Giza bado iko! Nilisema ama sikusema? Mtanzania, nilisema ama sikusema kwamba huyu mzee iko na kitu?”

“Kule kwetu Fizi,” alisema mwenzake, “anayekwenda makaburini saa hizo tunajua anafuata nini. Nyama.”

“Mpigie Pasteur. Leta mafuta.”

Walianza kukemea. Chupa ya mafuta ya upako ilitoka kabatini, mlango wa chumba cha mzee ukapakwa misalaba juu, chini na pembeni, na mzee mwenyewe alisimama katikati ya sauti zile akitabasamu kwa adabu, akidhani labda ndivyo Wakongo wanavyoikaribisha Pasaka. Nami nilipenya kati yao na taulo langu shingoni hadi nikamfikia mzee. Hakuna anayeuliza swali lile siku ile isipokuwa mtu wa kwetu. Katika kanisa la kwetu Rungwe, lile ambalo muhuri wake ni mwanakondoo mwenye bendera, alfajiri ya Pasaka hatuingii kanisani. Tunakwenda makaburini gizani, wenye tarumbeta mbele, tunasimama kati ya wafu wetu tukingoja jua litoke, na mzee wa kanisa anayasoma majina ya waliolala tangu Pasaka iliyopita. Nilikuwa nimekwenda kila mwaka tangu kubebwa mgongoni.

“Mzee,” nilimuuliza kwa Kiingereza, “mna tarumbeta?”

“Mbili,” alisema. “Moja imebonyea. Alfajiri huwa baridi sana, midomo inaganda kwenye chuma, lazima uipashe moto kwanza ndani ya koti.” Kisha macho yake yakajaa, akauliza, “Na ninyi mlioko Afrika mnangoja jua?”

Tulikwenda wawili, kwenye makaburi ya kanisa la kale lenye mnara mweupe, theluji ikilia chini ya viatu. Hatukuwa na tarumbeta, kwa hiyo tuliimba wimbo mmoja ambao kila mtu aliujua kwa lugha yake, yeye kwa Kitibeti na mimi kwa Kinyakyusa, na sauti zetu hazikukutana vizuri. Tuliyataja majina ya wetu. Jua lilipotoka lilikuwa la njano na halikupasha chochote.

Tukiwa tumekaa kwenye ukuta wa mawe alinieleza habari ambayo sikuwahi kuisikia. Wajerumani wa kanisa lile lile lililokuja Rungwe walitangulia kwenda kwao, wakitaka kuingia Tibet, na Tibet ikawafungia mlango. Wakajenga mpakani, katika mabonde ya juu upande wa India, wakangoja. Walizeeka wakingoja, wakazika watoto wao wakingoja, na wakaanza kuitafsiri Biblia kwa Kitibeti, kazi iliyowapita wao na kuishia mikononi mwa wajukuu wa waongofu wao. Babu wa baba yake, mchuuzi wa chumvi kutoka Tibet ya magharibi, alivuka mpaka na kondoo waliobeba chumvi mgongoni, akaugua, akauguzwa pale misheni, akabatizwa. Ndipo ilipoanza familia. Na hata hao Wajerumani, alisema, hawakuwa wa kwanza: mapadre waliwahi kukaa Lhasa kabla yao, wakafukuzwa, wakaacha kengele, na zamani zaidi ya hapo, walipita Wakristo wa Uajemi, ambao hakuna anayekumbuka nyuso zao. Baba yake alimpeleka utotoni kuona misalaba iliyochongwa kwenye jiwe kubwa, ya zamani mno, na akamwekea kidole chake ndani ya mchongo.

“Kwetu,” alisema, “Mkristo anajulikana kwa kaburi. Majirani wanachoma wafu wao. Sisi tunachimba. Bibi yangu alipokuwa msichana walimkataza chemchemi ya kijiji kwa sababu amebatizwa, akawa anavunja barafu ya mtoni. Alikataa kurudi nyuma. Alipokufa ilikuwa katikati ya baridi, ardhi ngumu kama chuma, na unajua nani alileta kuni za kuyeyushia kaburi lake? Lama wa kijiji. Alikuwa mtoto wa wale wale waliomkataza maji. Alileta kuni, akakaa na sisi hadi udongo ukalainika.”

Nilirudi nyumbani nimejaa furaha ya kijinga. Nilidhani nikieleza, watafurahi. Nilimweleza Maman Furaha, na kweli alifurahi, akalia, akamwomba mzee msamaha akimshika mikono yote miwili, kisha akampigia simu Mchungaji Bahati. Na mchungaji alisikia kitu kingine kabisa.

Mchungaji Bahati alikuwa mtu wa Bukavu, mkarimu, mwenye koti zuri na sauti ya kufanya chumba kionekane kidogo. Alikuja Jumatano, akala samaki, akamtazama mzee kama mtu anayepima kitambaa.

“Tibet,” alisema. “Dunia yote inaiangalia Tibet, na Mungu ametuletea Tibet hapa Alby.”

“Ni Mkristo wa kizazi cha nne, Mchungaji,” nilisema.

“Alibatizwa namna gani?”

“Mtoto mchanga. Alibatizwa na babu yake, aliyekuwa mwinjilisti.”

“Matone!” Alicheka, akanipiga begani. “Ndugu yangu, hiyo ni kunawa uso. Na wewe pia umenawa uso. Mwezi wa saba kuna mgeni anatoka Ujerumani na kamera. Tutaingia ziwani.”

Nisikilizwe vizuri: sina ugomvi na ubatizo wa maji mengi. Kila mtu na kanisa lake. Nilichokasirikia, na ninachokasirikia hadi leo, ni kwamba mtu mzima alisimama mbele yao na historia ya familia yake, historia iliyolipiwa kwa barafu ya mtoni, nao wakaiona kuwa kikwazo kwenye picha. Walimtaka mpya. Wiki ile ile nilimsindikiza katikati ya jiji kwenye mkutano wa watu wanaoitetea Tibet, kwa sababu binamu zake walikuwa upande wa Tibet na simu hazikupokelewa. Mama mmoja wa Kiswidi, mwenye kilemba cha rangi tano na machozi ya kweli, alimkumbatia, akampa mshumaa, kisha akaona msalaba mdogo shingoni. “Kwa hiyo walikubadilisha,” alisema kwa huzuni, kama anayezungumza na mtu aliyeibiwa. Alimwomba auingize ndani ya koti wakati wa kupigwa picha, ili watu wasichanganyikiwe. Mzee aliuingiza. Kwenye treni ya kurudi niligomba peke yangu hadi abiria wakahama viti. Hawa wanamtaka Mbudha, wale wanamtaka aliyekuwa Mbudha, na Mtibeti mwenyewe amekaa hapa na glovu zake hakuna anayemtaka! Mzee alitazama dirishani. “Binamu zangu hawajapokea simu,” alisema.

Mahali pamoja tu hakumshangaza mtu. Mwanafunzi mwenzangu wa useremala, Mwashuri wa kanisa la wale wale Wakristo wa Uajemi, alitualika kanisani kwao Södertälje, ibada ndefu ya lugha ambayo ilikuwepo kabla ya Kiarabu. Baadaye, kwenye ukumbi wa kahawa, shemasi mmoja mzee alimuuliza Norbu anatoka wapi. “Tibet.” Shemasi akaitikia kwa kichwa kama aliyetajiwa kijiji cha jirani. “Ndiyo, tulikuwa na askofu huko,” alisema, akamsogezea sahani ya jibini na zeituni. “Zamani kidogo.” Ilikuwa miaka elfu moja na zaidi. Mzee alicheka hadi akajifuta macho, akala zeituni zote.

Lakini aliishi Alby, si Södertälje. Maman Furaha alianza kuuliza kila jioni, kwa upole, kama amepata nguo nyeupe. Nilijua kwamba yeye mwenyewe anaulizwa na mchungaji kila Jumapili. Sehemu ya kodi ya ukumbi wa kanisa ilitegemea wageni kama yule wa Ujerumani, na picha ya Mtibeti majini ingewafurahisha wengi. Mara moja nilimsikia mchungaji akimwambia mlangoni kwamba nyumba ya kiongozi wa kwaya haiwezi kulaza mtu asiyekubali maji. Usiku ule Maman Furaha alimpikia mzee mchicha bila pilipili, kama anavyoupenda.

“Utakataa?” nilimuuliza mzee tukiwa kazini.

“Sitaki kumtia matatani mama wa watu,” alisema, akikamua tambara. “Nitakwenda. Tutaona wataniuliza nini.”

Siku ya ziwa ilikuwa ya jua, watoto wanaruka kutoka gatini, Waswidi wamelala kwenye nyasi wakitushangaa na majoho yetu meupe. Kwaya iliimba. Mgeni wa Ujerumani aliweka kamera yake kwenye miguu mitatu. Mchungaji Bahati aliingia hadi kiunoni. Mzee alisimama ukingoni, suruali imekunjwa, maji yakimlamba vifundo vya miguu. Mimi nilikuwa mkalimani.

“Papa Norbu,” mchungaji alinguruma, “mbele ya mbingu na nchi, unaikana dini ya baba zako na mashetani yote ya Tibet?”

Nilitafsiri. Nilitafsiri neno kwa neno.

Mzee aliweka mikono nyuma, kama anavyotembea. “Hapana,” alisema.

Hakuna aliyehitaji mkalimani kwa neno lile, lakini mchungaji alinigeukia. “Mweleze vizuri, hajaelewa.”

“Nimeelewa,” alisema mzee, na mimi nikayasema kwa Kiswahili kwa sauti kubwa kuliko yake, hadi akina mama wa mwisho wasikie. “Dini ya baba zangu ndiyo hii. Bibi yangu alikunywa maji ya barafu kwa ajili yake. Nikiikana hapa, nimemkana yeye. Na mashetani ya Tibet siyajui. Namjua lama aliyeleta kuni za kaburi lake. Nyie imbeni, mimi nitasimama hapa niwaombee.”

Kwaya haikuimba. Mtoto mmoja aliruka gatini, maji yakaturukia. Kisha mchungaji akainua mkono na kupaza sauti, “Tibet imesema! Haleluya!” na kinanda cha betri kikaitikia, watu wakapiga makofi kwa mazoea, na kamera, ambayo haikujua Kiswahili wala Kitibeti, ilipiga picha ya mzee mwenye miguu majini na mkono wa mchungaji angani juu yake. Ndiyo picha ile ile niliyoletewa dukani mwezi uliopita.

Ilitundikwa ukumbini wiki iliyofuata, na maneno chini yake. Nilikwenda ofisini kwa mchungaji kudai iondolewe. Aliniketisha, akanipa soda, akasema picha haisemi uongo, mtu alikuwa majini, na kwamba imani ya wale watakaoiona itakua. Nilimuuliza kama Mungu ameishiwa ukweli hadi tumsaidie. Alisema ataniombea niondokewe na roho ya ubishi. Mzee Norbu alihama mwezi wa tisa akaenda kupanga Södertälje, kwa familia ya yule shemasi. Aliondoka bila kelele, akamwachia Maman Furaha kikaango kipya. Kista tuliendelea kukutana. Hakutaka kuizungumzia picha. “Bibi yangu haioni,” alisema. Mimi niliiona kila Jumapili, na ubaridi ulipoanza tena nilijua kwamba sitaomba kuongezewa muda wa kukaa. Si mji ulionifukuza. Niliupenda, naukumbuka bado hadi harufu ya ngazi zake. Lakini nilichoka kukaa chini ya picha ile nikisema Amina.

Kanisani pale Alby anayesafiri hupewa nafasi ya kuaga. Jumapili ya mwisho, begi langu likiwa mlangoni, niliitwa mbele nikapewa kipaza sauti. Nilishukuru kwa chakula na makazi. Kisha nilisema, “Papa Norbu hakubatizwa ziwani. Alibatizwa mtoto, milimani kwao, na babu yake. Picha ile inamdhulumu yeye na waliomtangulia. Bibi yake aliitwa...” Hapo kinanda kiliingia. Kwanza polepole, kisha kwa nguvu zote, ngoma juu yake, na Mchungaji Bahati alikuwa amekwisha kunikumbatia na kukichukua kipaza sauti. “Amina! Tumwombee ndugu yetu safari njema!” Waliniwekea mikono, watu wengi, mikono ya joto. Sijawahi kuombewa kwa nguvu kiasi kile, na sijawahi kunyamazishwa kwa nguvu kiasi kile.

Maman Furaha alinisindikiza hadi kituoni, akiburuza begi langu kwenye theluji na kukataa nimsaidie. Treni ilipoingia, alinishika mkono wa koti.

“Usifikiri mimi ni kipofu,” alisema. “Nilikuwa mbele, niliona miguu yake. Magoti yake ilikuwa kavu. Lakini wewe unaenda, mdogo wangu. Mimi nabaki. Kwaya ni yangu, watoto ni wangu, kanisa ingine ya kuongea lugha yangu sina.”

Nilitaka kumkasirikia na hasira haikuja. Niliingia ndani, nikageuka. Sauti ya treni ilitangaza kwamba milango inafungwa, na yeye akaweka mguu wake kati ya milango, jambo ambalo kwa Waswidi ni kama kutukana hadharani.

“Ule bibi yake,” alisema. “Aliitwa nani? Kinanda ilinizuia kusikia.”

“Rahel,” nilisema.

Alilirudia mara moja, polepole, kama anayeonja chumvi ya mboga, kisha akatoa mguu.